Maneno ya Jumamosi

Kila Jumatatu asubuhi simu ya mama huegemezwa kwenye kopo la sukari, sauti ikiwa juu, na mtayarishaji wa kipindi huwatajia wazazi wangu filamu zinazotoka wiki hiyo. Baba hupaka mkate siagi. Mama huchana nywele huku akiitikia "naam, naam," kama mtu anayepewa habari za mgonjwa asiyemjua. Mimi humimina chai. Shangazi, dada mkubwa wa baba, huwa ameshakaa kwenye cherehani yake karibu na dirisha, na hukanyaga taratibu ili lisimpite neno.

"Ya kwanza ni Mzigo wa Moto," alisema mtayarishaji Jumatatu hiyo. "Magari yanafukuzana, daraja linalipuka."

"Tena?" mama akauliza.

"Daraja lingine, mama, si lile la mwezi uliopita. Ya pili, Bibi Harusi Kachelewa. Vichekesho. Mumeo ataipenda."

"Mimi napenda kila kitu," baba akasema, akaisukuma siagi mpaka ukingoni mwa mkate.

"Ya tatu ni ndogo, imepata ukumbi mmoja tu. Inaitwa Lifti ya Kushoto. Aliyeitengeneza ni…" Akasita. Kisha akataja jina langu, na la baba yangu nyuma yake.

Kisu kikasimama juu ya mkate. Chanuo likakwama nyweleni. Cherehani nayo ikanyamaza. Mimi niliendelea kumimina chai mpaka ikajaa kisahani na kuingia kwenye kitambaa cha meza.

"Haloo?" simu ikasema. "Mpo?"

"Tupo," mama akajibu. Hakuwa akiitazama simu, alikuwa akinitazama mimi.

Sikuwa nimewaambia. Walijua kwamba Jumapili nilikuwa nabeba kamera na wenzangu niliosoma nao chuo, tukienda kwenye jengo fulani la ofisi ambalo mlinzi wake alituonea huruma. Walidhani ni mazoezi. Shangazi pekee ndiye aliyejua, kwa sababu ndiye aliyemshonea mzee aliyetuigizia sare ya mwendesha lifti, na akailalamikia kola yake wiki nzima.

"Basi tuiondoe," baba akasema. "Tutazame hizo mbili tu. Mtu hamhukumu mwanawe."

"Mzee, usinivunjie kipindi!" mtayarishaji akapiga kelele pale koponi. "Wazazi wanamhukumu mtoto wao! Watu wataacha hata kupika!"

"Tukiiondoa," mama akasema polepole, "watu watasema ni mbovu kiasi kwamba hata waliomzaa wenyewe wameikimbia. Iache."

Kisha akaikata simu, akalivuta chanuo, akanigeukia. Nilidhani ataniuliza. Midomo yake ilifunguka kabisa. Lakini alichosema ni, "Futa hiyo chai, itaacha alama."

* * *

Inabidi nieleze kuhusu kipindi, ingawa karibu kila mtu mjini anakijua. Kinaitwa Tazama au Tupa, na hurushwa moja kwa moja Jumamosi alasiri. Wazazi wangu hukaa mezani, kila mmoja ana kibao cha mbao chenye mpini. Upande mmoja ni wa kijani, umeandikwa TAZAMA. Upande wa pili ni mwekundu, TUPA. Mtangazaji, ambaye watu humwita Kinanda kwa sababu ya sauti yake, akisema "Sasa!" wote wawili huinua vibao kwa pamoja, bila kuoneshana kabla. Baada ya hapo ndipo ugomvi huanza. Kibao kikishainuliwa hakigeuzwi.

Mama anaitwa Wembe. Baba anaitwa Mto, ule wa kulalia kichwa. Wembe hutupa, Mto husifu, na watu hucheka. Kijani kimoja kinatosha kuiokoa filamu. Lakini ikitokea wote wawili wakainua nyekundu, jambo ambalo ni nadra kama mvua ya mawe, bango la filamu hiyo hutiwa pipani palepale mezani, ngoma ikilia. Wenye kumbi hawasubiri kuambiwa mara mbili. Filamu ya pipani huondolewa kimyakimya kama sahani iliyoingia nzi.

Halafu kuna kanuni ya nyumbani.

Nasikia hapo mwanzo, nikiwa bado mgongoni, wazazi wangu walitoka kutazama filamu fulani wakabishana garini kutoka sinema mpaka nyumbani, wakabishana jikoni, wakabishana kitandani. Walipofika studio hawakuwa na kitu. Walikaa mbele ya kamera wakipiga miayo. Mtayarishaji wa wakati ule akawagombeza, "Maneno yenu mnayamalizia kwenye gari! Mimi nirushe nini, makapi?" Tangu hapo wakakubaliana. Hakuna kuzungumzia filamu mpaka Jumamosi. Hata "nzuri" isisemwe. Hata kutikisa kichwa.

Kanuni ile ilianza na filamu, kisha ikatambaa kama unyevu ukutani. Mama akiwaza jambo la kuchekesha kuhusu jirani, analiweka, huenda likafaa Jumamosi. Baba akisoma habari inayomuuma, anaikunja na kuitia mfukoni. Nimekua nikimsikia mama akicheka peke yake jikoni, nikimuuliza ananiambia, "Jumamosi utasikia." Na kweli Jumamosi nilisikia, pamoja na mji mzima. Nyumbani tulikuwa tukiambizana kwamba gesi imekwisha, kwamba bomba linavuja, kwamba fulani amepiga simu. Shangazi alisema siku moja kwamba nyumba hii ni kama duka lililofungwa, mali imejaa ndani lakini humpati wa kukuuzia.

Mwenye ukumbi alikuwa ameniambia wazi. "Binti yangu, nakupa Ijumaa mpaka Jumapili. Ikitembea, naiongezea wiki na nawapigia wenzangu wa miji mingine. Isipotembea, tusinuniane."

Ndivyo ilivyokuwa. Nilihitaji kijani kimoja. Lakini nikisema kijani tu nitakuwa sijasema yote. Nilitaka kujua wale wawili wameona nini.

* * *

Jumatano asubuhi walikwenda kuitazama. Watu wa kazi hii huoneshwa mapema, ukumbi ukiwa mtupu. Mimi nilibaki na shangazi nikimsaidia kushona vifungo, na kila kifungo nilikishona mahali pasipo pake.

"Fumua," shangazi akasema.

Nikafumua.

"Unajua mimi nilivyoiona?" akauliza. Alikuwa ameitazama kwenye kompyuta yangu. "Ile kola imekaa vizuri."

"Shangazi!"

"Na nililia. Lakini mimi mshoni, kilio changu hakiuzi tiketi."

Waliporudi, baba alikaa muda mrefu akivua viatu. Macho yake yalikuwa mekundu. Nilipomtazama akasema, "Vumbi." Mama alipita moja kwa moja jikoni, akaanza kuosha vikombe ambavyo nilikuwa nimeshaviosha. Nilimsikiliza anavyoviweka. Je, huo ni mlio wa mtu aliyependezwa? Nilimtazama baba mgongoni. Je, huo ni mgongo wa mtu aliyeaibika?

"Unawakagua kama daktari anayetazama picha ya mapafu," shangazi akaninong'oneza. "Waache wapumue."

Wakati wa kula, baba aliweka kijiko chini ghafla. "Ile lifti…"

"Jumamosi," mama akasema bila kuinua macho.

Baba akatafuna kitu ambacho hakikuwa mdomoni. "Nilitaka kusema lifti ya pale studio imeharibika tena. Itabidi tupande ngazi."

"Ah. Sawa."

Alhamisi nilijikaza. Mama alikuwa akipiga pasi gauni lake la kipindi. Nilisimama mlangoni mpaka akanihisi.

"Mama, hata kidogo tu?"

Aliiweka pasi wima. Akanishika shavu, mkono wake una joto la pasi. "Mwanangu, nikikwambia wewe leo, Jumamosi nitamwambia nani?" Alisema kwa upole kabisa. Upole huo ndio ulionichoma, kwa sababu niliona hajui alichokisema.

* * *

Ijumaa walikuja watu wachache, wengi wao wenzangu wa chuo na ndugu za yule mzee wetu wa lifti. Mwenye ukumbi alisimama nami kwenye ngazi baada ya onyesho. "Usijali," akasema. "Kesho ndiyo yenyewe. Mto ni baba yako, na Mto husifu hata giza kabla filamu haijaanza. Kijani chako kiko mfukoni."

Mimi pia nilidhani hivyo. Sioni haya kusema. Nililala nikiwa na uhakika na baba.

Jumamosi alasiri shangazi alifunika cherehani yake, jambo analolifanya siku za msiba na za kipindi tu. Tukakaa. Wazazi wangu wakatokea kwenye kioo wakiwa wamepakwa poda, wamependeza, wana uhai kuliko nilivyowaona wiki nzima.

Mzigo wa Moto. "Sasa!" Mama nyekundu, baba kijani.

"Mama Wembe, watu wamekufa sana kwenye filamu hii," Kinanda akasema.

"Walikuwa na bahati. Walitoka mapema."

"Lakini lile daraja!" baba akasema, mikono juu. "Utasemaje kuhusu lile daraja?"

"Daraja liliigiza vizuri. Ndilo pekee lililokuwa na hisia. Nilipoona linalipuka nikasema, maskini, angalau wewe umepumzika."

Shangazi akacheka, nami nikacheka.

Bibi Harusi Kachelewa. Mama nyekundu, baba kijani.

"Bibi harusi kachelewa," mama akasema, "bwana harusi kachelewa, na kichekesho cha kwanza nacho bado kiko njiani."

"Mke wangu hachekeshwi," baba akawaambia watazamaji. "Nilipomposa nilijaribu kumchekesha, akaniuliza kama ninaumwa."

"Na ulikuwa unaumwa."

"Mapenzi!"

"Meno. Niliona shavu limevimba."

Studio nzima ikalipuka kwa kicheko. Nilimtazama mama anavyomtazama baba wakati ule, jicho limechangamka, shingo imegeuka yote. Meno ya baba wakati wa posa! Sikuwahi kuisikia hadithi ile. Nimeishi nao maisha yangu yote na ilibidi niisikie pamoja na mji.

"Na sasa, ndugu watazamaji," Kinanda akashusha sauti, "mtoto wa nyoka ni nyoka. Filamu ya tatu, Lifti ya Kushoto, imetengenezwa na binti wa hawa mnaowaona. Mwendesha lifti mzee, na mama mmoja wa usafi wa ghorofa za juu. Wanapanda na kushuka pamoja kila siku. Mmeandaa leso? Vibao… Sasa!"

Nyekundu.

Nilitazama upande wa pili.

Nyekundu.

Mama hakukitazama kibao chake. Alikitazama cha baba. Na baba alikuwa akikitazama cha mama. Wakakaa hivyo, mikono imeinuliwa, kama watu waliopigwa picha bila taarifa. Nilidhani wanaona haya kwa kuwa wamekubaliana.

"Mto!" Kinanda alisimama kitini. "Wewe! Uliyesifu ile ya paka anayeimba!"

"Eee," baba akasema. Jasho lilikuwa limeanza kupasua poda. "Ni… ni ndefu kidogo. Halafu ule mlango. Mlango unafunguka mara nyingi mno."

"Ni lifti, mzee."

"Naam. Hata hivyo."

Wakacheka. Baba akamgeukia mama kama mtu anayezama anayetafuta kamba. Mama akakaza midomo.

"Mama Wembe?"

"Mwendo wake ni wa taratibu," mama akasema.

"Basi? Wembe hukata hivyo? Leo umekuwa kijiko!"

Wakacheka tena. Nikamwona mama akinyoosha mgongo. Namjua. Akichekwa hunyooka hivyo, na akishanyooka hakuna wa kumrudisha.

"Sawa," akasema. "Nitasema. Watu wawili wanapanda lifti moja kila siku. Wanajuana mpaka harufu ya sabuni. Huyu anajua viatu vipya vya yule, anajua siku anayoumwa mgongo. Na hawaambiani neno. Filamu nzima! Ninauliza, nani anaishi hivyo? Mtengenezaji anataka tuamini kwamba watu wazima wanaweza kupendana na wakakaa kimya kama mizigo. Ni ustadi wa kamera tu, mioyo hamna. Bado hajawajua watu. Akikua, atawajua."

"Wifi!" shangazi akaipigia kelele runinga. "Wifi, huna kioo nyumbani kwako?"

Mimi nilisogea karibu na runinga.

Ngoma ikaanza. Kwa desturi ya kipindi, anayelitia bango pipani ni yule ambaye kwa kawaida husifu. Baba alilipokea. Nililichora mwenyewe lile bango. Hakulifinyanga kama wanavyofanya. Alilikunja taratibu, kona kwa kona, kama anayekunja nguo ya mtoto, akaliinamia pipa na kuliweka mpaka chini. Kinanda akapiga makofi.

Shangazi akaizima runinga.

"Mcheza kwao hutunzwa," akasema. "Hivyo ndivyo walivyosema wahenga. Lakini wahenga hawakuwa na runinga."

Simu yangu ikalia kabla hajamaliza. Mwenye ukumbi.

"Binti yangu, sina ugomvi nawe. Lakini jioni ya leo naweka ile ya magari kwenye ukumbi wako. Watu wameshaanza kuuliza daraja."

"Tulikubaliana mpaka kesho," nikasema. Sauti yangu ilitoka ndogo sana.

"Tulikubaliana kabla ya pipa." Kisha, kwa huruma ambayo ningependa asiwe nayo, "Na mimi ningefanyaje? Wazazi wako mwenyewe."

* * *

Walirudi jua likiwa bado ukutani. Nilikuwa nimekaa chini karibu na cherehani nikiokota vipande vya nyuzi, kwa sababu ilikuwa kazi isiyohitaji kuinua uso. Mama aliingia kwanza, poda ya studio ingali shingoni. Baba alisimama mlangoni na funguo za gari mkononi, kama mgeni anayesubiri kukaribishwa.

"Shikamooni, wachinjaji," shangazi akasema.

"Wifi, nimechoka," mama akajibu.

"Lazima uchoke. Kuchinja si kazi ndogo, hasa ukichinja wako."

"Dada, tafadhali," baba akasema.

"Usiniite dada! Mto! Mto gani huu uliojazwa mawe?"

Hapo mama akageuka. Lakini si kwa shangazi. Alimgeukia baba, na sauti yake sikuitambua, haikuwa ya kipindi wala ya gesi imekwisha.

"Na kweli. Hebu niambie. Wewe! Wewe wa kuinua nyekundu?"

"Mimi?" Funguo zikamdondoka baba. "Wewe je?"

"Mimi ni Wembe! Mimi hutupa! Kazi yangu wewe huijui? Ningemsifu, watu wangesema Wembe ameota kutu kwa sababu ya mwanawe. Ningemwua kwa sifa. Nikasema, mimi nitatupa jiwe, jiwe dogo, na wewe utasimama kumtetea kama unavyotetea kila takataka, na utetezi wako safari hii utakuwa wa kweli, na watu watauona. Nilikuwa nakutegemea wewe! Wewe husifu! Miaka yote hii unasifu!"

Baba alikaa kwenye mkono wa kiti. "Ndiyo," akasema. "Nasifu kila kitu. Ndiyo maana."

"Ndiyo maana nini?"

"Nani ananiamini mimi? Nimesifu paka anayeimba. Nikiinua kijani kwa mwanangu, kijani changu kina thamani gani? Watu wangesema, Mto huyo, kawaida yake. Lakini Wembe akisifu, mji mzima unatoka nyumbani. Nilikuona Jumatano. Gizani. Ulikuwa umeshika kitambaa mdomoni. Nikasema, huyu ameipenda, safari hii ataisifu. Basi acha mimi niwe mbaya, ili yeye awe na wa kumshinda."

"Uliniona?"

"Nilikuona."

"Na mbona hukuniambia?"

Shangazi, ambaye huwa ana jibu la kila kitu, alikuwa akijaribu kutia uzi kwenye sindano na hakuliona tundu.

"Nilipoona nyekundu yako," mama akasema, sasa polepole, "nikadhani, ikiwa hata huyu hakuipenda, basi kweli ni mbovu, mimi nimepofushwa na uzazi."

"Nami nilidhani hivyo hivyo nilipoiona yako."

Nikasema, kutoka pale chini, "Kwa hiyo mliipenda?"

Wakashtuka. Nadhani walikuwa wamesahau kwamba nipo. Mama alikuja akapiga magoti mbele yangu kwenye zile nyuzi, na gauni lake la kipindi.

"Mwanangu, kuipenda? Ile sehemu anayofuta kioo cha lifti…"

"Si kile kioo," baba akasema, akasogeza kiti. "Ni mkono juu ya kitufe. Anajua ghorofa ya yule mama, lakini anangoja aombwe, apate kusikia sauti yake. Haombwi. Anabonyeza. Nilitaka kupiga kelele."

"Kitufe ni rahisi! Kila mtu angeliona la kitufe. Kioo, mzee wangu! Anafuta mahali alipoegemea yule mama, halafu anasita, anaacha alama ya bega lake. Haifuti!"

"Bega? Mimi sikuona bega."

"Umekaa kwenye sinema maisha yako yote, hukuona bega!"

"Niliona machozi, sikuona bega!"

Wakacheka. Baba alikuwa ameshateremka kwenye kiti, wote wawili wako sakafuni, wanakatizana, wananielekeza vidole, wanarudi kwenye picha moja moja nilizozipiga zile Jumapili, na sikumbuki mara ya mwisho kuwaona wakiwa hivyo bila ya taa za studio. Moyo wangu uliinuka kiasi kwamba niliogopa kupumua. Ukumbi ulikuwa umekwenda, na nilikuwa tayari kuusamehe.

"Na vile viatu mwishoni," mama akasema. "Unajua kwa nini vile viatu viliniua? Kwa sababu…"

Kidole chake kikabaki hewani.

"Kwa sababu nini?" baba akauliza.

"Ngoja. Ngoja kwanza. Usiniulize." Macho yake yalikuwa yameanza kung'aa kwa namna nyingine, naijua vizuri. "Hii ni ya Jumamosi."

"Jumamosi ipi?"

"Ijayo! Tutaomba radhi hewani. Tutaeleza yote, wewe na nyekundu yako, mimi na yangu. Halafu tunaitetea. Tunaitetea kwa pamoja, hatujawahi kufanya hivyo tangu kipindi kianze!"

Baba akasimama. "Tunalitoa bango pipani!"

"Mbele ya watu!"

"Kinanda atazimia."

"Simu yangu iko wapi? Mtayarishaji lazima ajue leo hii."

"Filamu imeshaondolewa," nikasema.

"Itarudishwa," mama akasema, akiitoa simu mkobani. "Tukishasema sisi, itarudishwa kumbi zote. Wewe tulia tu. Na sasa tunyamaze, mzee, tusiimalize. Hilo la bega usilitie kinywani tena, wala mimi sisemi viatu."

"Sisemi," baba akasema, akajifunga midomo kwa vidole. Wakatazamana wakitabasamu, kama watoto walioficha sukari. Kisha ukimya ukarudi nyumbani, ukakaa mahali pake.

Shangazi aliniambia zamani kwamba mimi huzungumza kama mtu aliyeazima sauti na anaogopa kuiharibu. Nilisimama. Nyuzi zilikuwa zimenishika gotini.

"Mama, weka simu."

Alidhani amesikia vibaya.

"Weka simu, mama. Sitaki Jumamosi." Nikasogea mpaka mbele yake. "Sikuitengenezea mji. Huo ukumbi niliutafuta kwa sababu nyinyi hamtazami kitu mpaka kiwe ukumbini. Nilitaka mtoke pale kimewabana kooni, mshindwe kungoja, mniambie garini, mniambie jikoni, mnigombeze ikibidi. Mimi. Si Kinanda. Mama, umeuliza nani anaishi hivyo. Sisi ndio tunaishi hivyo. Wale wawili ndani ya lifti ni nyinyi, na mimi ndiye ninayepanda na kushuka nanyi tangu nizaliwe, nikingoja mmoja wenu aseme neno."